Isale kwa Mzee wa Daraja

Mimi sikuwa mtu wa magemu. Nilikuwa na miaka ishirini na sita, nina cherehani yangu pale Boma Ng'ombe, na mchumba anayeitwa Crispin ambaye alikuwa ameanza kuchoka kungoja. Kilichoniingiza kwenye mchezo wa Wajapani ni hasira tu. Binamu yangu Shedrack, mtoto wa Baba Mdogo, alikuwa anawaua watu wake ovyo ovyo mbele ya macho yangu, na mimi siwezi kumtazama mtu anafanya kazi vibaya nikanyamaza.

Ilikuwa mwaka tisini na tisa, nyumbani kwetu Masama. Shedrack alikuwa dereva kwenye mradi wa umwagiliaji kule tambarare. Mtaalamu mmoja wa Kijapani alipomaliza muda wake alimwachia mashine ya gemu, kaseti moja, na transfoma ya kupunguza umeme, nzito kama tofali, maana bila hiyo mashine ingeungua siku ya kwanza. Shida ni kwamba kwao hakukuwa na umeme wala televisheni. Televisheni ilikuwa kwetu. Baba aliinunua mwaka ule kahawa ilipopanda bei mpaka watu wakaezeka hata mabanda ya mbuzi kwa bati. Kwa hiyo mashine ilikuwa ya nyumba ya Baba Mdogo, televisheni ya nyumba ya Baba, na nyumba hizo mbili zilikuwa hazisemezani.

Waligombana kwa sababu ya kahawa. Bei iliposhuka hadi mtu anauza gunia zima na bado hana cha kununulia dawa ya kupulizia, Baba Mdogo Aminieli alichukua shoka na jembe akang'oa mibuni yote ya mpakani, ile aliyoipanda babu, akaweka nyanya. Hakumuuliza mtu. Baba yangu, Filemon, ambaye ndiye mkubwa, alirudi kutoka kanisani akakuta mashimo. Alisimama palepale na suti yake, akamwambia mdogo wake mbele za watu kwamba amemfukua baba yao kaburini. Neno hilo kwetu halisemi hata mlevi.

Baba Mdogo ndiye aliyeanza kutafuta amani. Alimtuma mke wake, Mama Mdogo Leonia, alete isale. Isale ni lile jani refu la mmea tunaoupanda mipakani. Ukimkosea mtu ukampelekea isale, anakusamehe, hakuna mjadala. Anayelikataa anajitafutia mkosi yeye na watoto wake, na sijapata kusikia mtu wa kwetu aliyelikataa. Hata Baba hakulikataa. Alikuwa uani anageuza kahawa kwenye wavu wa kuanikia. Mama Mdogo alimwamkia, akamnyooshea jani, Baba asinyooshe mkono. Mama Mdogo akaliweka juu ya kahawa, mbele yake kabisa. Baba akaendelea kugeuza. Aligeuza, akageuza, mpaka jani likafunikwa lote. Mama Mdogo alipoondoka, mama yangu alimuuliza kwa nini hakupokea.

"Nipokee nini? Mimi sikuona kitu," akasema.

Na hiyo ndiyo ikawa kauli yake. Hakukataa. Hakuona. Ukiniuliza mimi, ni afadhali angekataa tukajua moja.

Sasa mimi nikabaki katikati. Kwetu baba mzazi hakai mbele ya wakwe akataja mahari ya binti yake kama anauza ndama. Anayesema ni ndugu yake. Na ndugu wa Baba ni mmoja tu. Nilipovunjika mguu utotoni, Baba Mdogo ndiye aliyenibeba mgongoni kuteremka hadi barabarani, mvua inanyesha, ananiimbia nyimbo za kanisani kwa sauti mbaya ili nisilie. Baba alisema atamtafuta mzee mmoja wa ukoo kutoka Old Moshi aje aseme, mtu niliyemwona mara moja kwenye msiba. Nikamwambia bila Baba Mdogo siolewi. Akaniambia basi kaa. Na wakwe walikuwa wameshatuma ujumbe kwamba wanakuja Jumamosi baada ya Pasaka.

Hivyo ndivyo mambo yalivyokuwa Kwaresima ile, wakati Shedrack anakuja kwetu kila Jumapili baada ya ibada na mashine yake kwenye mfuko wa rambo. Baba hakumzuia. Mtoto wa mdogo wako hafukuzwi, hata kama baba yake ameng'oa mlima wote.

Mchezo wenyewe ulikuwa wa vita, lakini si vile vya kubonyeza mpaka kidole kiume. Uwanja umegawanywa viraba. Una watu wako, kila mmoja unamsogeza kwa kadiri ya nguvu zake, ukimaliza zamu yako adui naye anacheza ya kwake. Mnapokezana kama tunavyopokezana maji ya mfereji. Na mtu wako akifa, amekufa. Harudi kesho wala keshokutwa.

Maandishi yote yalikuwa ya Kijapani. Yakitokea, Shedrack alibonyeza tu mpaka yaishe. Halafu televisheni yetu haikuelewana na mashine ile kwa habari ya rangi, kila kitu kikawa cheusi na cheupe. Shedrack alisema kule mradini aliona watu wetu ni wa bluu na maadui ni wekundu. Kwetu wote walikuwa wa kijivu. Alikuwa anampita adui pembeni akidhani ni mwenzake, anageuka anachomwa mkuki wa mgongo. Mimi nikiwa napiga pasi kule nyuma nikapandwa na hasira.

"Wewe, ngoja zamu iishe uone nani anatembea bila wewe kumwambia. Huyo ndiye adui. Mkariri kofia yake."

"Basi njoo ucheze wewe, dada."

Nikaenda. Pasi ikapoa.

Tuliwapa watu wetu majina, maana ya kwao hatukuweza kuyasoma. Mpanda farasi mnene alikuwa Mwenyekiti. Dada wa joho refu, anayetibu wenzake, alikuwa Sista. Na kulikuwa na mtu mmoja wa shoka, mfupi, dhaifu, anayekosa shabaha karibu kila mara. Huyo tulimwita Melkior, kwa sababu jirani yetu Melkior alikuwa mpasua kuni na alifanana naye mabega.

Baba alikuwa anakaa kwenye kiti chake na gazeti la wiki iliyopita, akijifanya haoni. Alikuwa fundi wa kutoona, mzee yule. Lakini Jumapili moja tulimtanguliza Sista mbele akapigwa, na gazeti likashuka.

"Huyo wa dawa mbona mnamtanguliza? Mtu wa dawa anakaa katikati."

Tukamweka katikati. Tukashinda. Jumapili iliyofuata kiti chake kilikuwa kimesogea hadi kwenye kapeti, na gazeti hatukuliona tena. Padi yenyewe ya kubonyezea hakuigusa hata mara moja. Yeye alisema, Shedrack akabonyeza. Na alikuwa na sheria moja: asife mtu. Melkior alipochomwa mara ya kwanza, tukiwa karibu kabisa kumaliza, Baba alisema, "Zima. Anza."

"Baba Mkubwa, tumeshafika mbali jamani."

"Mtafika mmebaki wangapi? Zima, anza."

Tukaanza vita ile upya. Nilikuwa nawatazama, mzee na mtoto wa mdogo wake, wamekaa bega kwa bega, Baba anamkatia Shedrack kipande kikubwa cha nyama kwenye machalari, yale mapishi yetu ya ndizi, na moyo wangu unaniambia leo atauliza. Leo atasema, baba yako hajambo? Hakuuliza. Alisema tu, "Nyumbani wazima?" kama unavyomuuliza hata muuza karanga. Kumbe kule kwao, Shedrack aliniambia baadaye, Baba Mdogo alikuwa hali chakula cha jioni mpaka asimuliwe kila kitu. "Sasa kaka amefika wapi? Yule Melkior yuko hai?" Niliposikia hivyo nilitamani kuwapiga wote wawili kwa mwiko.

Jumapili ya Matawi tulifika darajani. Daraja lilikuwa jembamba, na katikati yake amesimama mzee mmoja mwenye ndevu, amevaa chuma mwili mzima. Hatukuweza kumpita. Mwenyekiti alimkaribia akaanguka kwa pigo moja. Zima, anza. Tukajaribu mishale, ikamgonga chuma ikadondoka. Zima, anza. Kila tulipomkaribia, uso wake ulijaa kwenye kioo, akasema maneno mengi ya Kijapani, macho yake mazito kama ya mtu aliyefiwa, kisha akapiga.

"Huyu hana nia ya vita," Baba akasema. "Angekuwa na nia angetufuata. Amesimama kwake tu. Hebu fungua mfuko wa Sista nione mna nini."

Shedrack akafungua. Kulikuwa na chupa, fimbo, na chini kabisa picha ndogo ya jani, refu, jembamba, lenye ncha.

Baba aliinuka kwenye kiti akasogea mpaka paji la uso likawa karibu kugusa kioo.

"Hilo ni nini?"

"Jani, Baba Mkubwa."

"Najua ni jani. Jani gani?"

Mama alikuwa mlangoni na sinia la ndizi, akasimama hapohapo.

"Hilo ni isale," Baba akasema.

Tangu siku ya kahawa neno hilo lilikuwa halijatamkwa ndani ya nyumba ile.

"Mna isale mfukoni halafu mnakufa kama kumbikumbi? Mpelekeeni. Mpeni Melkior apeleke, hana ubaya na mtu."

Shedrack alinitazama, nikatazama pembeni. Sista alimpa Melkior jani. Melkior akasogea kiraba kwa kiraba hadi darajani, akasimama mbele ya yule mzee. Shedrack alichagua jani, kialama kikauliza apewe nani, akakiweka juu ya mzee. Kikakubali! Mwanga mdogo ukamzunguka yule mzee, na muziki laini ukapigwa.

Baba alijipiga paja. "Mnaona? Mnaona sasa? Mchana mzima mnahangaika na mishale!"

Zamu yetu ikaisha. Mzee wa Daraja akainua mkuki wake, akamchoma Melkior. Melkior akapiga goti, akasema maneno mawili matatu ya Kijapani, akafutika.

Baba akakinyooshea kioo kidole.

"Amepokea isale halafu amepiga? Hawa ni watu wa namna gani? Mtu analetewa isale mpaka miguuni pake, anafanya kama halipo! Hana wazazi huyu? Hana watoto?"

"Labda hakuliona, Baba," nikasema.

Sikupanga kusema. Lilitoka lenyewe, na lilitoka kwa sauti ya kawaida kabisa, kama mtu anayesema chumvi imeisha. Shedrack aliinamia padi kana kwamba ameangusha kitu ndani yake. Mama aliweka sinia chini polepole. Baba alinigeukia. Nilidhani atanipiga, japo hakuwahi kunipiga tangu nimalize shule. Alivua kofia, akaitazama, akaivaa tena.

"Zima," akamwambia Shedrack.

Shedrack akazima. Baba hakusema anza. Alitoka akaenda zizini, akakaa huko mpaka ng'ombe wakakamuliwa. Mimi niliogopa sana, lakini sikujuta hata kidogo.

Siku zilizofuata hakusema na mtu. Alikula, alikwenda shambani, alirudi. Mama alinilaumu kwa macho tu, maana kwa mdomo hakuwa na la kunilaumu. Crispin alinijia Boma akaniuliza kama yule mzee wa Old Moshi amekubali kuja. Nikamwambia aniache nishone.

Jumatano ya wiki ile, jioni jua bado liko juu, Shedrack alikuja mbio, na sare ya kazini. Baba alikuwa anakata machipukizi kwenye mibuni, mimi nakusanya.

"Shikamoo Baba Mkubwa."

"Marahaba."

"Nimemuuliza Mjapani mpya pale mradini. Nimemchorea lile jani kwenye kiganja. Amecheka mpaka amefuta miwani. Anasema ile ni dawa! Ni dawa ya majeraha. Sisi tulimtibu yule mzee, tukamwongezea nguvu, ndipo akampiga Melkior."

Alikuwa anang'aa kwa furaha. Alidhani ameleta habari njema, na kweli alikuwa amemletea Baba mlango wa kutokea. "Kwa hiyo hakukataa isale, Baba Mkubwa. Isale halikuwepo kabisa. Usihangaike."

Ningekuwa karibu ningemfinya. Nilimwona Baba akilipima lile jambo kichwani. Angeweza kucheka naye, tukarudi kwenye mchezo, na maneno yangu ya Jumapili yakawa yamepotea hewani.

"Kwa Mjapani ni dawa," Baba akasema. "Mimi nilituma isale."

"Ndiyo, lakini..."

"Nilituma isale, Shedrack, na nimejua inavyouma." Aliendelea kukata, machipukizi mawili, matatu. "Na Melkior?"

"Amekufa. Lakini naweza kuanza upya."

"Huko unaweza."

Aliuchomeka mkasi kiunoni, akaenda kunawa miguu, akavaa viatu. Kisha akaniita.

"Hilda. Twende."

"Wapi, Baba?"

"Twende."

Hatukupita njia ya barabarani. Tulipita mpakani, palepale palipokuwa na mibuni ya babu, ambapo Baba hakuwa amekanyaga tangu siku ile ya mashimo. Nyanya zilikuwa zimesimama kwenye miti yake, zimezaa vizuri, lazima niseme ukweli. Baba Mdogo alikuwa amechuchumaa anazifunga kwa kamba za migomba. Alituona tukiwa mbali, lakini hakuinuka mpaka tulipofika.

"Shikamoo, kaka."

"Marahaba. Nyanya zimezaa."

"Zimezaa."

Mimi nilikuwa nyuma ya Baba, nimeshika upindo wa kanga yangu nausokota. Nilisali, sioni haya kusema.

"Aminieli," Baba akasema. "Lile isale aliloleta mama Shedrack. Nililiona."

Baba Mdogo aliendelea kufunga fundo alilokuwa ameshika. Alilikaza, akalijaribu kwa kidole.

"Najua," akasema. "Nilikuwa nimesimama kwenye migomba yako. Nilikuona unavyolifukia."

"Ulikuwepo?"

"Ulitaka nimtume mke wangu peke yake, na hasira zile ulizokuwa nazo?"

"Na muda wote huu hukusema."

"Ningesema nini? Ungesema hata mimi hukuniona."

Kitu kama kicheko kilimtoka Baba, lakini hakikufika mwisho, akawa anajifuta macho kwa kofia. Sikuwa nimewahi kumwona Baba analia, hata kwenye mazishi ya babu. Baba Mdogo alitazama nyanya zake kwa heshima, akamwachia nafasi.

"Lile neno la kaburi," Baba akasema. "Lile nisingelisema."

"Na mimi ningekuuliza kwanza, kabla ya kung'oa."

"Ungeniuliza ningekataa."

"Ndiyo maana sikuuliza."

Hapo walicheka kweli, wote wawili. Baba Mdogo akanigeukia mimi, akanipima toka juu hadi chini kama mtu anayekumbuka ana shughuli.

"Hao wakwe wanakuja lini?"

"Jumamosi baada ya Pasaka, Baba Mdogo."

"Nani anasema?"

Nilimtazama Baba. Baba alikuwa anatazama chini.

"Hajapatikana," akasema.

"Yule wa Old Moshi?"

"Hajui hata mtoto anaitwa nani."

Baba Mdogo alikung'uta udongo mikononi. Alichukua muda wake. Alikuwa na haki ya kuchukua muda wake, na mimi nilikuwa tayari kusimama pale mpaka nyanya ziive.

"Nitasema mimi," akasema. "Lakini kaka, nakufahamu. Nikitaja kitu usinisahihishe mbele za watu."

"Sitakusahihisha."

"Utaniharibia."

"Aminieli, nimesema sitakusahihisha. Utakaa mbele, utasema unavyoona. Mimi nitakaa nyuma yako."

Kwetu mkubwa hakai nyuma ya mdogo. Baba Mdogo alilijua hilo vizuri kuliko mimi, maana aliinama upesi akatafuta kamba ya mgomba ambayo alikuwa ameishika mkononi. Mimi sikutafuta kitu. Nililia palepale katikati ya nyanya, kwa sauti, na hakuna kati yao aliyeniambia ninyamaze.